Sekunde Kumi na Tisa

Juu ya kopo la filamu wameandika kwa wino:
*Umati. Setúbal. Wanawake. Hakuna sauti.*
Chini yake, kwa mashine, bei ya kila sekunde.
Nilipiga hesabu mgongoni mwa bahasha, nikafuta, nikapiga tena.
Walilipwa kwa kopo, hawa, dagaa kichwa kwa mkia,
na leo wanauzwa kwa sekunde,
na muuzaji si wao, na mnunuzi ni mimi.

Nimenunua kumi na tisa.

Kamera iko juu, kwenye paa la gari la polisi.
Hilo sikuliona usiku wa kwanza. Niliona aproni,
mitalawanda, lango la kiwanda,
mwanamke mmoja kapanua kinywa.
Usiku wa tatu ndipo niliposhtuka:
wote wananitazama mimi, na wananiogopa.
Mwenye macho haambiwi tazama;
lakini macho haya niliyoazima ni ya nani?
Nimeketi alipoketi yule askari.
Kiti bado kina joto.

Zeferino, fundi wangu wa sauti, ana kila kitu kabatini:
ving'ora, mbwa, buti juu ya mawe,
mayowe ya wanawake, aina sita.
"Hapa kinywa kinafunguka," akasema, "tumtilie yowe."
Tukamtilia. Tukapunguza mwendo,
chini yake tukalaza fidla nene, ya msibani.
Nililia. Nakiri: niliililia kazi yangu mwenyewe.

Kisha nikampelekea Hermínia Calafate,
miaka themanini na mitatu, ghorofa ya nne, lifti mbovu.
Alivaa miwani, akaivua, akaifuta kwa pindo la kitambaa cha meza.
"Nani huyu anayepiga kelele?"
Ni wewe, nikamwambia.
"Mimi? Mimi nilikuwa nacheka!
Sajini alikanyaga matumbo ya samaki, akaanguka matako chini,
pale, upande ambao hawakuupiga picha."
Akacheka tena, kinywa kilekile,
meno machache.

Na huyu wa ukutani, mwenye kofia?
Akanyamaza. Akasogeza kikombe, akakirudisha.
"Huyo ndiye aliyewapa majina yetu."
Nimkate?
"Usimkate. Wala usimsonte kidole.
Ana wajukuu. Mmoja huniletea mkate."

Sekunde ya kumi na tisa picha inakatika.
Nilidhani utepe umeoza, nikamwomba radhi.
"Haukuoza," akasema. "Alizima.
Walizima kila walipotaka kuanza."
Akainua nywele juu ya sikio la kushoto
akanionyesha sekunde ya ishirini.

Nimerudi mezani. Nimeng'oa yowe, nimeng'oa fidla,
nimewarudishia mwendo wao miguuni.
Nimeandika kamera ilisimama wapi na aliyeishika alikuwa nani,
kwa herufi ndogo, ila zinasomeka.
Baada ya hapo, skrini nyeusi.

"Kwa muda gani?" Zeferino anauliza.
Hermínia alisema dakika nne. Jirani yake, wa ghorofa ya pili,
ambaye hatumii tena mkono wa kulia, alisema kumi.
Mtayarishaji amepiga simu kutoka Lisbon:
watu watadhani mashine imeharibika.

Waache wadhani.
Wajikohoze gizani, wapapase mikono ya viti,
waulizane nani amezima.
Weusi huu haumo kwenye kopo lolote.
Hakuna aliyeupiga picha,
hakuna wa kuniletea ankara.